Adui Aliyeombwa: Juu ya Kubadili Hali za Mchezo

Wapo wahakiki wanaoona kwamba mchezo wa kompyuta haustahili nafasi katika kurasa za fasihi. Hoja yao ni kuwa mchezo hauna mtunzi mmoja, hauna mwisho unaojulikana, wala hausomwi. Huchezwa tu, kisha ukazimwa. Hoja hiyo haina nguvu kwa watu wa pwani, ambao tangu zamani wameliweka bao barazani pamoja na shairi, na ambao humsifu mchezaji stadi kwa maneno yaleyale wanayomsifia malenga. Mchezo ni sanaa ya kanuni, na shairi la arudhi ni sanaa ya kanuni vilevile. Kwa hiyo swali linalofaa kuulizwa juu ya mchezo ndilo liulizwalo juu ya shairi: kanuni zake zinamfanya mtu atende nini ambacho asingekitenda lau kanuni hizo zisingekuwapo?

Makala haya yanalielekeza swali hilo kwenye jambo moja la mchezo uitwao Minecraft, nalo ni uwezo wa mchezaji kuibadili hali ya mchezo akiwa katikati ya kucheza. Kwa mtazamo wa haraka jambo hilo ni la kiufundi tu. Ukweli ni kuwa ndani yake mna hoja kongwe juu ya uhuru na kizuizi. Hoja hiyo imebishaniwa kwa muda mrefu na washairi wa Kiswahili, na imesimuliwa kwa uchungu mkubwa zaidi na Wairaqw wa nyanda za juu za Mbulu, nchi ambamo kata ya Tumati ni sehemu yake.

Kwanza mchezo wenyewe. Ulianza kutolewa hadharani mwaka 2009 na Mswidi Markus Persson, ukakamilishwa Novemba 2011, na mwaka 2014 Microsoft ikainunua kampuni ya Mojang, yenye mchezo huo, kwa dola za Kimarekani bilioni 2.5. Kufikia Oktoba 2023 nakala zilizouzwa zilikuwa zimepita milioni 300. Dunia yake yote ni ya michemraba: mchemraba wa udongo, wa jiwe, wa mti, wa maji. Mchezaji huibomoa dunia hiyo kipande kwa kipande na kuijenga upya apendavyo. Hapana hadithi anayolazimishwa kuifuata.

Lakini dunia hiyo moja huchezwa katika hali mbalimbali. Katika hali ya kunusurika, mchezaji huanza mikono mitupu. Huangusha mti kwa ngumi, huchimba jiwe, huona njaa, huanguka akaumia, na uhai wake huhesabiwa kwa mioyo kumi iliyochorwa chini ya kioo. Siku nzima ni dakika 20, na baada ya kiasi cha dakika 10 jua huchwa na viumbe wabaya wakatoka gizani. Katika hali ya kubuni, mchezaji hana njaa wala jeraha. Huruka angani, na kila kitu kilichomo duniani amewekewa bila ya idadi. Ipo hali ya utazamaji, ambamo hupita kutani kama kivuli bila kugusa chochote. Ipo pia ile kali kuliko zote, ya kifo kimoja: akifa, harudi tena, na ruhusa anayobakiwa nayo ni kuizunguka dunia aliyoijenga kama mzuka anayeiona nyumba yake asiweze kuufungua mlango. Mbali na hali hizo, mna daraja za ugumu, na ya chini kabisa ni ile ya amani, ambayo ikichaguliwa karibu adui wote hutoweka papo hapo na njaa haiumi.

Ikiwa dunia imeruhusiwa amri, mchezaji huandika neno moja na hali ikabadilika. Aliyekuwa anakimbia kifo anaruka juu ya mawingu. Akishachoka kuruka, huandika tena na kurejea ardhini. Juu ya hayo, wachezaji wenyewe huandika programu za nyongeza zinazozigeuza kanuni za asili, nyingine zikirahisisha, nyingine zikizidisha taabu.

Kila aliyecheza katika hali ya kunusurika anaujua usiku wa kwanza. Jua linashuka, mchezaji hana nyumba wala silaha, na njia ya haraka ya kujihifadhi ni kuutoboa ubavu wa kilima, akaingia, akajiziba kwa udongo, akangoja kuche. Anayezijua habari za Mbulu ataitambua picha hiyo mara moja. Wairaqw, watu wa lugha ya Kikushi waliozungukwa na majirani wa lugha za Kibantu na za Kiniloti, walikuwa na nyumba za tembe zilizochimbwa ubavuni mwa mlima, paa lake likafunikwa udongo hata likakaribia kuwa sawa na ardhi ya nyuma yake. Kwa mbali mgeni aliona kilima tu. Watu na mifugo walilala chini ya udongo huo, na sababu inayotajwa zaidi katika masimulizi ni hofu ya wavamizi wa ng'ombe, hasa Wamaasai.

Nyumba ya namna hiyo husomeka kama shairi linavyosomeka. Paa la udongo linasema kulikuwa na adui. Mlango wa mbele peke yake unasema adui huyo alitazamiwa kutoka upande gani. Ukubwa wa ndani unasema ng'ombe walikuwa na thamani gani kwa wenyewe. Umbo limezaliwa na haja. Sasa mchezaji wa hali ya kubuni anaweza kuijenga nyumba ileile, mchemraba kwa mchemraba, kwa muda wa robo saa, pasipo hata kuutazama usiku. Ukizitazama nyumba mbili hizo kiooni, hutaona tofauti. Je, ni nyumba moja? Hilo ndilo swali ambalo uwezo wa kubadili hali unamwekea mhakiki, na halijibiki kwa kuangalia kuta peke yake.

Bao la Kiswahili linatoa jibu la kwanza. Mchezo huo una mashimo 32 na kete 64, na kila mchezaji huanza akiwa na kete 22 mkononi. Muda wote wa kunamua huingiza kete moja kila zamu, na ile akiba ya mkononi ni kama pumzi: akikosea leo, kesho ana kete nyingine ya kuingiza. Akiba ikiisha, mchezo hugeuka kuwa mtaji. Tangu hapo hapana kete mpya. Kila mmoja hucheza kwa kile kilichomo ubaoni, na makosa ya kunamua ndipo yanapodai deni lake. Hata shimo liitwalo nyumba, lenye haki zake za pekee maadamu halijachezwa, huingia katika mtaji likiwa na historia ya yote yaliyotangulia. Hali imebadilika, lakini imebadilika kwa kanuni, kwa wachezaji wote wawili kwa pamoja, mbele ya macho ya baraza, na hapana kurudi nyuma.

Bao pia lina daraja yake nyepesi. Anayeanza hupewa bao la kujifunza, ambalo kila shimo huwekwa kete mbili na mchezo ukaingia moja kwa moja katika mtaji. Hapana anayemcheka mwanafunzi kwa kulicheza. Linalochekwa ni mtu aliyeanza bao kamili, akaona anazidiwa, akataka zihesabiwe kanuni za kujifunza. Baraza hukubali kila hali iliyotangazwa tangu mwanzo. Hali inayogeuzwa kwa sababu mtu amebanwa hailikubali.

Jibu la pili ni zito zaidi, na linatoka kwa Wairaqw wenyewe, katika simulizi ya Haymu Tipe. Masimulizi hutofautiana kwa majina na kwa vituo vya safari, lakini kiini chake ndicho hiki. Zamani watu walikaa mahali paitwapo Ma'angwatay, upande wa Kondoa, chini ya uongozi wa Haymu Tipe, na walikaa kwa amani. Vijana wenye nguvu, mashujaa wasiokuwa na wa kupigana naye, wakaichoka amani hiyo. Wakamchukua Gemakw, mwana wa kiongozi, wakamficha msituni. Haymu Tipe alimtafuta asimwone, mpaka alipowalewesha vijana ndipo ukweli ukatoka, na pamoja na ukweli likatoka sharti: awaletee adui wa kupigana naye, ama mwanawe atauawa.

Baba akakubali. Akataka mazizi ya ng'ombe yaachwe wazi na vijana warudi na mwanawe. Kisha adui akaja kama alivyoombwa. Wapo wasemao adui huyo alikuwa Wabarbaig, wapo wasemao ni Wamaasai. Wairaqw wengi wakauawa. Haymu Tipe akatoroka usiku pamoja na jamaa zake na wachache waliosalia, wakafika Guser Twalay, na kutoka huko hatimaye wakaingia katika milima ya Irqwa Da'aw, ambayo Wairaqw huihesabu kuwa kitovu cha nchi yao. Kutoka milimani humo ndiko walikoenea baadaye katika nchi za jirani ambazo leo ni wilaya za Mbulu, Hanang na Karatu.

Mtu aliyezoea Minecraft atasema kwamba vijana wa Ma'angwatay walikuwa wakiishi katika daraja ya amani, wakataka igeuzwe iwe ya ugumu. Ulinganisho huo si wa mzaha. Hamu ni ileile, nayo inaonekana wazi katika nyongeza zinazoandikwa na wachezaji. Ingetarajiwa kwamba watu waliopewa uwezo wa kuzigeuza kanuni watazigeuza zote ziwe nyepesi. Wengi hufanya kinyume. Nyongeza iitwayo Tough As Nails, kwa mfano, humtia mchezaji kiu, baridi na joto, mambo ambayo mchezo wa asili haukuwa nayo. Mkusanyiko wa nyongeza uitwao RLCraft unajulikana hasa kwa jinsi unavyomwua mchezaji mara kwa mara na kwa sababu ndogo. Watu wanaweza kuishi bila ya adui, na bado wanakwenda kumwomba.

Simulizi ya Haymu Tipe inaijua hamu hiyo wala haiidharau. Vijana wake si wapumbavu. Ni watu ambao nguvu zao hazina kazi. Tofauti iko katika kurudi. Mchezaji wa RLCraft akichoka, huiondoa nyongeza na dunia ikapoa. Vijana wa Ma'angwatay walipata walichokiomba, na hapakuwa na neno la amri la kukirudisha kilikotoka. Yawezekana ndiyo sababu nyumba ikaja kuchimbwa ardhini, na ndiyo sababu sala ya Wairaqw iitwayo slufay, inayotamkwa na mzee huku hadhira ikimwitikia, huomba mabaya yaiepuke nchi na heri idumu. Waliowahi kupewa adui waliyemwomba hawaichukulii amani kama daraja ya wanyonge.

Msomaji wa mashairi ameshaona hoja inaelekea wapi. Mwaka 1954 Kaluta Amri Abedi alichapisha Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri, akaziweka vina na mizani kuwa sharti la shairi. Mwaka 1974 Euphrase Kezilahabi alitoa Kichomi, diwani ambayo haikulitii sharti hilo, na miaka miwili baadaye Mulokozi na Kahigi wakaja na Malenga wa Bara. Mgogoro uliofuata ulijaza kurasa nyingi, na mara nyingi uliendeshwa kana kwamba upande mmoja una sanaa na wa pili una uvivu, au upande mmoja una uhuru na wa pili una minyororo. Kwa lugha ya mchezo, wanamapokeo walishikilia kwamba hali ya kunusurika peke yake ndiyo mchezo. Wanamabadiliko wakajibu kwamba hali ya kubuni nayo ni mchezo, tena wenye mawanda mapana zaidi.

Bao na Haymu Tipe wanaonyesha kwamba pande zote mbili zililikosa jambo la tatu. Kezilahabi hakubadili hali katikati. Kichomi ilitangaza kanuni zake tangu ukurasa wa kwanza, na msomaji akajua anaingia katika bahari gani. Udhaifu wa kisanaa umo kwingine: umo kwa mtunzi anayeanza tarbia ya mizani kumi na sita, beti mbili zikaenda vizuri, kisha kina kikamwadimikia katika ubeti wa tatu, akakiacha, na katika ubeti wa nne akakirejea kana kwamba hapakutokea kitu. Huyo ndiye mchezaji aliyeandika amri, akaingia katika hali ya kubuni, akajichukulia almasi asizozichimba, kisha akarudi katika hali ya kunusurika akijisifu kwa utajiri.

Na upande wa kizuizi, yupo Abdilatif Abdalla. Alifungwa nchini Kenya kuanzia 1969 hadi 1972 kwa sababu ya waraka wa kisiasa, na gerezani akatunga mashairi yaliyochapishwa mwaka 1973 kwa jina la Sauti ya Dhiki. Mtu aliyenyimwa kila kitu, hata karatasi ya kuandikia, angalikuwa na udhuru wa kuvitupa vina na mizani. Hakuvitupa. Juu ya kifungo alichofungwa na wengine akajifunga kifungo cha pili kwa hiari yake, na hicho cha pili ndicho kilichompa pa kusimamia. Hapa yaonekana kwamba kizuizi kinachochaguliwa si kitu cha bandia hata kidogo. Kinakuwa cha bandia pale tu mwenye kukichagua anapokiweka na kukiondoa kwa kadiri kinavyomuuma.

Hata hivyo itakuwa si haki kuifanya hali ya kubuni kuwa ya daraja ya chini kwa asili yake. Mwaka 2012 shirika la Umoja wa Mataifa la makazi, lenye makao makuu Nairobi, lilishirikiana na Mojang katika mradi wa Block by Block, na miongoni mwa mahali pa mwanzo palipochaguliwa palikuwa Kibera, kwenye uwanja wa michezo wa Silanga. Uwanja uliundwa kwa michemraba ndani ya mchezo, na wakazi wakashirikishwa kuonyesha walivyotaka uwe. Ni wazi kwamba kazi ya namna hiyo haifai kufanywa katika hali ya kunusurika. Mkazi wa Kibera haihitaji kompyuta impe kiu na hofu ya usiku; anazo za kutosha nje ya mlango wake. Alichokikosa ni mahali pa kulifikiri jambo kabla ya kulilipia. Hapo hali ya kubuni, inayolaumiwa kwa kukosa uzito, ilibeba uzito kuliko mapambano yote ya kiooni, kwa kuwa mwisho wake ulikuwa ardhini, mahali ambapo mchemraba ukishawekwa hauondolewi kwa neno.

Mfano huo unairekebisha hoja pasipo kuivunja. Uzito wa kitu kilichotengenezwa hautokani na ugumu wenyewe. Unatokana na kwamba mwenye kukitengeneza alijifunga na nini, na kama alibaki amefungwa mpaka mwisho. Mchezaji wa bao amefungwa na baraza linalomtazama. Haymu Tipe na watu wake walifungwa na matokeo ya ombi. Abdilatif alijifunga na arudhi. Mpangaji wa uwanja amefungwa na watoto watakaoucheza.

Minecraft basi ihukumiweje? Sifa yake kubwa kisanaa ni kwamba imemkabidhi mchezaji mamlaka ambayo sanaa nyingine huyaficha: mamlaka ya kuamua kama adui awepo. Kwa kufanya hivyo humlazimisha ajiulize anamtakia nini adui huyo, swali ambalo vijana wa Ma'angwatay hawakujiuliza kwa wakati. Upungufu wake ni kwamba mara nyingi haiweki kumbukumbu ya jinsi mamlaka hayo yalivyotumika. Katika toleo la Java, nyumba iliyojengwa kwa usiku kumi wa hofu na nyumba iliyojengwa kwa amri moja husimama pamoja bila alama ya kuzitenganisha. Toleo la Bedrock limekuwa na busara zaidi hapo: kwa miaka mingi, dunia iliyowahi kuguswa na hali ya kubuni imezuiwa kabisa kupata tuzo za mafanikio, hata mchezaji akirejea kunusurika kwa uaminifu wote. Wachezaji wengi hulalamikia ukali huo. Kwa mtazamo wa mhakiki, ukali huo ndio sehemu ya mchezo iliyo karibu zaidi na baraza, kwa sababu hauizuii hali yoyote. Unachokataa ni kusahau.

Palipo na upungufu huo, kazi ya kukumbuka inamrudia mtu mwenyewe, na pengine hapo ndipo mchezo huu unapofundisha zaidi ya ulivyokusudia. Wairaqw hawakuwa na mashine ya kuwaandikia kwamba adui aliombwa na si kwamba alijileta. Wangaliweza kuisimulia safari yao kama safari ya watu wasio na hatia waliofukuzwa makwao, na hapana ambaye angaliwabishia. Badala yake wakaisimulia pamoja na aibu yake: kwamba palikuwa na amani, kwamba vijana wao wenyewe waliichoka, na kwamba baba alishurutishwa kwa uhai wa mwanawe. Jamii inayoihifadhi simulizi kama hiyo vizazi kwa vizazi inaandika ukutani mwa nyumba yake ni nani aliyeibadili hali ya mchezo, na kwa bei gani. Mchezaji anayemaliza jumba lake na kuwaonyesha wenzake anaweza kuanza na jambo hilohilo: kuwaambia ni kuta zipi alizozijenga akiwa na mioyo miwili na usiku mlangoni, na ni zipi alizoziomba.